Usinunue kabati la pili kabla hujalisogeza la kwanza

Swali: "Shikamoo mama. Naishi Tanga mjini, nyumba ya kupanga ya vyumba viwili na sebule ndogo. Tuko wanne: mimi, mume wangu, binti wa miaka 11 na kijana wa miaka 8, na nina ujauzito wa miezi saba. Tuna kabati moja la MDF (ubao wa unga wa mbao uliogandamizwa) lenye milango mitatu, limeegemea ukuta ambao upande wa pili ni bafu. Kila masika nguo zinanuka uvundo. Juzi nimekuta suti ya mume wangu ina madoa meupe ya kuvu mabegani, na buibui langu vilevile. Nimenunua nafthalini nikaweka kila droo, hata ile ya nguo za mtoto, ambazo nimeshazifua na kuzikunja. Asubuhi ni vurugu, watoto wanatafuta soksi mpaka nguo zote zinamwagika chini. Nina khanga kama doti 40. Mume wangu anasema tununue kabati la pili. Tununue, au hili tulilo nalo linaweza kupangika?"

Marahaba, mwanangu. Kabla sijasema lolote juu ya kupanga, acha kusoma kidogo, nenda kwenye droo ya nguo za mtoto ukaitoe nafthalini yote. Usibakishe hata kidonge kimoja. Kisha urudi tuendelee.

Sababu ni hii. Nafthalini haiyeyuki kuwa maji, inageuka kutoka kidonge kuwa hewa moja kwa moja, na hewa hiyo inajikita ndani ya nyuzi za nguo. Mtoto mchanga akivikwa nguo hiyo anaivuta puani na inapita kwenye ngozi yake laini, na inaweza kupasua chembe nyekundu za damu. Anaishiwa damu, anakuwa wa manjano, na manjano yakizidi kwa mtoto mchanga yanaweza kudhuru ubongo. Walio katika hatari kubwa zaidi ni watoto waliozaliwa na upungufu wa kimeng'enya kiitwacho G6PD, kinachozilinda chembe hizo, na upungufu huo ni wa kawaida katika nchi zenye malaria kama yetu. Mama haujui mpaka mtoto apimwe. Kwa hiyo nguo zote za mtoto zifuliwe upya kwa sabuni, zianikwe juani siku mbili tatu mpaka ukizinusa husikii chochote. Wewe pia, kwa hali uliyo nayo, haifai kulala chumba kinachonuka vidonge hivyo. Na kijana wako wa miaka 8 anaweza kujua kwamba si peremende, lakini mtoto wa jirani anayetambaa hajui.

Tena, mwanangu, nafthalini haikuwa dawa ya shida yako. Ile ni ya nondo, na shida yako ni maji.

Mimi ni fundi cherehani, mwaka wa 31 huu, na nguo nyingi ninazoletewa kurekebisha hazikuharibika kwa kuvaliwa. Zimeharibika kwa kuhifadhiwa. Suti iliyovaliwa harusi mbili, imeoza kwapani kwa sababu ilirudishwa kabatini na jasho. Gauni la hariri limepata mistari ya kutu ya henga ya waya. Ukiniuliza kabati la pwani linapangwaje, nitakuambia linapangwa kwanza kwa ajili ya hewa, halafu ndipo kwa ajili ya macho. Vitabu na picha za kupanga makabati karibu zote zimetoka nchi za baridi, ambako hewa ya ndani ni kavu, mtu anaweza kushindilia nguo rafu kwa rafu na zisimfanye kitu. Kwetu hewa wakati wa masika hukaa na unyevu wa zaidi ya asilimia 80 siku nyingi, na kuvu huanza kuota unyevu ukikaa juu ya asilimia 70 hivi. Kabati lililojaa, limefungwa, limeegemea ukuta wa bafu, ni shamba la kuvu.

Basi kazi ya kwanza ni kulisogeza. Si wewe wa kulisogeza! Mume wako na kijana wa jirani walitoe nguo zote kwanza, kisha walihamishie ukuta wa ndani, ule unaogawa chumba na sebule. Ukuta wa bafu unanyonya maji kila mtu anapooga, na ukuta wa nje unaopigwa na mvua nao ni hivyohivyo. Kama chumba hakina ukuta mwingine wenye nafasi, basi angalau liachane na ukuta huo kwa upana wa ngumi moja, sentimita nane au kumi, hewa ipite nyuma. Chini liinuliwe juu ya vipande vya mbao au matofali, maji ya kudeki yasiguse MDF. Mbao ya mninga ikilowa hukauka ikarudi kama ilivyokuwa. MDF ikilowa huvimba kama mkate kwenye chai, na haitarudi.

Ukilitazama kwa nyuma utaona limezibwa na kibao chembamba. Mwambie fundi seremala atoboe matundu kumi na mawili hivi, ukubwa wa sarafu, sita juu na sita chini. Hewa ya moto hupanda, ya chini huingia kuchukua nafasi yake, na kabati linapumua lenyewe hata milango ikiwa imefungwa. Ni kazi ya nusu saa. Nimeshangaa miaka yote hii jinsi watu wanavyoweza kununua kabati la bei kubwa na wasitoboe matundu hayo.

Mama yangu hakuwa na kabati. Alikuwa na sanduku la mbao lenye miguu, na kila mwaka kaskazi ikishika, kwenye Januari, alilitoa uani asubuhi, akalifungua kifuniko, akaanika kila kilichokuwamo juu ya mkeka. Sisi watoto tulidhani anajivunia nguo zake. Alikuwa anazikausha. Miguu ya sanduku ilikuwa kwa ajili ya hewa, na kaskazi ni upepo mkavu zaidi katika mwaka wetu. Kabati lako linahitaji mambo hayohayo mawili.

Sasa kuvu. Suti na buibui vitolewe nje, visipigwepigwe chumbani, maana vumbi la kuvu ndilo mbegu yake, na wewe usilivute. Mume wako ajifunge kitambaa puani, apige brashi laini uani, kisha viachwe kwenye jua kwa muda wa saa tatu au nne, suti ikiwa imegeuzwa ndani nje isipauke. Buibui lifuliwe. Suti ya sufu ipelekwe kwa dobi, umwonyeshe madoa yalipo, na ikirudi uivue ule mfuko wa plastiki siku hiyohiyo. Watu wengi wanauacha ule mfuko wakidhani unalinda. Unafungia ndani unyevu wa mvuke wa pasi, na ndiyo maana nadhani suti yako iliota mabegani, pale plastiki inapogusa. Ukitaka kuikinga na vumbi, ishonee mfuko wa khanga kuukuu au wa kitambaa cha marekani.

Ndani ya kabati pafutwe kwa kitambaa kilichokamuliwa kwenye siki nyeupe, kisha paachwe wazi siku nzima. Siki itanuka jioni hiyo, kesho yake haipo. Wengine wanatumia jiki, nayo inaua, lakini usiweke jiki na siki pamoja wala moja baada ya nyingine pale pale: zikichanganyika hutoa gesi ya klorini, na gesi hiyo inaunguza mapafu. Chagua siki.

Nguo sasa ziko kitandani na kwenye mkeka. Hapa ndipo wengi huanza kurudisha harakaharaka, na ndipo mimi hukaa chini. Nguo zilizotoka kabatini hazitarudi zote. Kipimo ninachopenda ni Idi hadi Idi, au Krismasi hadi Krismasi kwa wenzetu. Nguo ambayo sikukuu mbili zimepita haijatoka kabatini, haina haki ya rafu ya mbele. Sisemi uitupe. Masoko yetu yamejaa mitumba, nguo ni rahisi kununua, na hiyo ndiyo sababu makabati ya siku hizi yanafurika kuliko ya mama zetu. Lakini nguo nzuri haitupwi, inapewa mtu. Wapo ndugu, wapo majirani, upo msikiti. Iliyochanika, ifanye kitambaa cha kudekia.

Sare za harusi nizitaje peke yake, kwa sababu najua unazo. Kila harusi kitenge kipya, kila kitenge mshono wake, na kinavaliwa siku moja. Mteja wangu mmoja alikuwa na sare 19. Tulizikalia alasiri moja: nne alizipenda kweli akabaki nazo, zilizobaki nikazifumua. Gauni la mtu mzima lenye marinda linatoa sketi mbili za mtoto wa miaka 11 na foronya juu yake. Kitenge ni pamba nzito, hakichoki upesi. Mpelekee fundi wako wa mtaani, umwambie umbo unalotaka. Gharama ya kushona ni ndogo kuliko ya kabati jipya, na binti yako atapata nguo.

Tuje kwenye khanga, maana hapo ndipo kuna utajiri wako na ndipo kuna mzigo wako. Doti 40 ni khanga 80. Khanga moja ni kama sentimita 150 kwa 110, kwa hiyo una mita za mraba 132 za kitambaa ndani ya kabati moja. Unaweza kuzitandika nyumba yako yote na zikabaki. Haziwezi kukaa zote mahali pamoja na nguo za watu wanne, na wala hazina haja, kwa sababu kazi zake hazifanani. Zigawe kwa kazi. Za kushinda nazo nyumbani na kujifunga jikoni, doti sita zinatosha. Za kutokea, za msibani na za kuswalia, labda doti nane. Zile mpya ambazo hazijakatwa, unazoziweka ili ukialikwa uwe na cha kutoa, zikae peke yake. Na zile za kumbukumbu: kisutu chako cha harusi, doti aliyokupa mama. Hizo usizihesabu, zitunze tu.

Kuna jambo moja la kukunja ambalo nilifundishwa na mama mmoja muuza khanga wa Mtaa wa Uhuru, Dar es Salaam, na tangu hapo sijaacha. Watu wanakunja khanga ionekane pindo, kisha wanazipanga mnara, na kila wakitaka ya chini wanaangusha zote. Yeye alikunja ili lionekane jina. Laza khanga kitandani, uso ukiwa chini, upande wa jina ukuelekee wewe. Leta upande wa kushoto na wa kulia ndani, kila mmoja theluthi. Chukua ncha ya juu uilete mpaka kwenye ncha iliyo karibu nawe. Igeuze yote: jina liko juu, linakutazama. Sasa pinda mara moja zaidi kwenda nyuma, uache jina mbele. Unapata kifurushi cha karibu sentimita 50 kwa 27. Usizilaze, zisimamishe ndani ya droo au boksi lisilo na kifuniko, moja nyuma ya nyingine, kama kadi. Ukitaka khanga unazifunuafunua kwa vidole unasoma majina mpaka uipate unayoitaka, na nyingine hazitikisiki. Wewe mwenyewe unajua kuna khanga ya kwenda nayo kwa wifi na kuna isiyofaa kwenda nayo kwa wifi. Jina likiwa mbele hukosei.

Zile mpya ambazo hazijafuliwa zina wanga wa kiwandani, ndio unaozifanya ziwe ngumu na zing'ae. Wanga huo ni chakula. Mende anaupenda, na yule mdudu mdogo bapa wa rangi ya fedha anayekimbia kama samaki ukifungua droo naye anaupenda, anakula wanga na pamba pamoja anakuachia vitundu visivyo na mpango. Kwa hiyo khanga unazozivaa zifue kabla ya kuzihifadhi, mara ya kwanza peke yake, rangi isije ikahamia nyingine, hasa nyekundu. Zile za kutoa zawadi huwezi kuzifua, hivyo zifunge kwenye kitambaa safi, uziweke kwenye sanduku la bati, lile la shule la bweni. Bati mdudu halitoboi. Lakini bati halipumui pia, basi ziingie zikiwa kavu kabisa, siku ya jua kali, na sanduku lifunguliwe kila mwezi. Likae juu ya mbao, lisiguse sakafu. Na kila baada ya miezi sita kunjua zile za kumbukumbu uzikunje mahali pengine, kwa sababu kitambaa hukatikia kwenye mkunjo uleule.

Kabati sasa. Milango mitatu, watu wanne, wa tano njiani. Kosa lililoleta vurugu yako ya asubuhi ni kwamba limepangwa kwa aina ya nguo: soksi zote droo moja, fulana zote rafu moja. Duka linapangwa hivyo. Nyumba inapangwa kwa mtu. Kijana wa miaka 8 akitafuta soksi zake kwenye droo ya soksi za watu wanne atapekua zote, na si utundu, ndivyo ulivyompangia. Mpe rafu ya chini kabisa, urefu wa mkono wake, na maboksi mawili: la ndani (chupi, vesti, soksi) na la nyumbani. Binti apewe rafu ya juu yake. Boksi lolote linafaa, hata la viatu, hata ndoo ndogo ya plastiki. Sare za shule zisikae kabatini kabisa siku za wiki. Piga misumari miwili nyuma ya mlango wa chumba, mmoja wa binti na mmoja wa kijana, na jioni kila mtoto atundike henga yake ikiwa na shati, sketi au kaptura, soksi ndani ya mfuko wa shati, mkanda shingoni mwa henga. Asubuhi hakuna anayefungua kabati. Jaribu wiki mbili uniambie.

Sehemu ndefu ya kabati ni ya kutundika, na hapa mwache mume wako achukue nusu yake na wewe nusu yako. Buibui, kanzu na magauni marefu yanahitaji kimo cha sentimita 150 mpaka 160 kutoka bomba hadi chini, yasije yakaburuza. Mashati na suruali zilizokunjwa zinatosheka na 100. Maana yake chini ya mashati kuna nafasi ya nusu mita unayoipoteza sasa. Boksi la khanga likae hapo. Bomba la kabati la MDF hulegea kwa sababu misumari haishiki vizuri kwenye unga wa mbao. Fundi aweke kipande cha mbao halisi kila upande ndipo afunge bomba, na wewe utundike nguo nzito pembeni, nyepesi katikati. Ukimaliza, pitisha kiganja chako kati ya nguo na nguo. Kikiingia bila kusukuma, hewa nayo inaingia. Kisipoingia, toa nguo.

Henga za waya zitoe zote. Pwani zinapata kutu, na kutu ya begani ni vigumu kuondoa. Kama doa lipo tayari kwenye nguo nyeupe ya pamba, kamulia ndimu, nyunyiza chumvi, weka juani kwa muda wa saa moja, suuza, rudia. Kwenye hariri au nguo ya rangi usithubutu. Sweta na fulana nzito zilizofumwa usizitundike, zinajivuta mabega yanaota masikio, hizo kunja.

Kuna kundi la nguo ambalo hakuna kabati linalolipangia mahali, na ndilo linaloharibu mengine: nguo iliyovaliwa mara moja, si chafu ya kufua, si safi ya kurudi. Baibui uliloenda nalo sokoni, suruali ya mume wako ya kazini. Kwetu kwa joto hili nguo hiyo ina jasho hata kama hailoi, na ikirudi kati ya nguo safi inapeleka unyevu, chumvi na harufu kwa jirani zake. Hata polista, ambayo yenyewe haina chakula cha kuvu, inaota kwa sababu ya jasho na vumbi lililobaki juu yake, ndiyo sababu ya madoa ya buibui lako. Wengi wanazirundika kwenye kiti. Kiti ni dalili kwamba nguo hizo hazijapewa kwao. Piga ubao wenye misumari minne ya kutundikia ukutani karibu na dirisha, ziwe hapo zikipigwa upepo usiku mmoja. Kesho zinavaliwa au zinakwenda tengani. Misumari ni minne tu kwa makusudi. Ikijaa, ya tano inafuliwa.

Kufua na kuanua nako ni sehemu ya kabati. Usianue saa moja usiku. Pamba iliyokauka saa nane mchana huanza kunyonya tena unyevu jua likishuka, nawe unaikunja ukidhani ni kavu. Anua kabla ya saa kumi na nusu alasiri. Ukipiga pasi, nguo isitoke pasini ikaingia kabatini; iache kitandani ipoe, mvuke utoke. Na usione uvivu kupiga pasi nguo za mtoto, nepi na vitambaa vyake, pande zote mbili. Yupo nzi anayetaga kwenye nguo mbichi zilizoanikwa kivulini au kwenye majani, na funza wake huingia kwenye ngozi na kutoa jipu. Moto wa pasi unamaliza mayai hayo. Pasi si kwa ajili ya mikunjo tu.

Kuhusu vya kunyonya unyevu, usinunue kitu. Chumvi ya mawe kwenye bakuli la plastiki pana, chini kabisa, mbali na nguo: chumvi huanza kuvuta maji ya hewani unyevu ukipita asilimia 75, na masika utaikuta imeloa. Mwaga maji, ianike, irudishe. Isiwe kwenye chombo cha chuma. Mkaa mkavu kwenye kikapu kidogo husaidia kuondoa harufu, nao uanikwe kila wiki mbili. Lakini hakuna bakuli la chumvi litakaloshinda ukuta wa bafu, kwa hiyo usianze na chumvi ukaacha kabati pale lilipo.

Badala ya nafthalini, karafuu. Kijiko kikubwa kwenye kifuko cha kitambaa, kimoja kila mlango, na ukiponda kidogo kila baada ya miezi miwili harufu inarudi. Haiui nondo, inamchukiza tu, nami sitakudanganya. Lakini funza wa nondo hula sufu na hariri, au pamba yenye jasho na madoa ya chakula. Kwako cha sufu ni suti moja. Suti ikihifadhiwa safi na ikipigwa jua kila mwezi, nondo hana cha kufanya kwako. Kufukiza nguo udi ni kuzuri na ni kwetu, ila fukiza siku ya kuvaa, si ya kuhifadhi. Moshi kwenye nguo iliyofungiwa hubadilika ukawa harufu nyingine. Asumini mbichi usiweke kabatini, inaacha madoa ya kahawia.

Milango ya kabati ifunguliwe kila siku isiyo ya mvua, kuanzia saa sita hadi saa tisa mchana, wakati hewa ina unyevu mdogo kuliko saa zote. Usiku na wakati wa mvua ifungwe. Watu wengi hufanya kinyume, wanafungua asubuhi na mapema, wakati hewa imejaa maji ya usiku.

Kwa hiyo mwambie mume wako, kwa heshima, kwamba fedha ya kabati la pili ikae kwanza. Atoe kidogo kwa seremala kwa matundu na bomba, kidogo kwa henga za plastiki, na sanduku moja la bati kama hamna. Masika moja ikipita na bado mnabanana, basi nunueni, na liwe la mbao hata kama ni dogo.

Na katika zile khanga za kushindia, chagua nne zilizo kuukuu kuliko zote, zilizofuliwa mpaka zimelainika zikawa kama hazina uzito. Usizigawe hizo. Zifue, zianike, zipige pasi, uziweke juu kabisa ya droo ya mtoto. Moja ya kumpokelea, moja ya kumkaushia, moja ya kumfunikia, na moja ya mbeleko.